Benja wa Maseno: Nahodha aliyegeuka kocha, akaiangusha Fiji

Kama umekulia kanda ya Ziwa, Maseno si jina geni kwako. Huko, karibu na Kisumu, ndiko alikosomea Benjamin Ayimba, nahodha wa Shujaa, timu yetu ya raga ya wachezaji saba, aliyekuja kuwa kocha wake. Enyewe, nani angeota? Aprili 17, 2016, vijana wa Benja waliichapa Fiji 30-7 kwenye fainali ya Singapore, taji la kwanza la Kenya katika Raga za Dunia. Fiji hao hao walitwaa dhahabu ya Olimpiki Agosti. Mei 2021 malaria ya ubongo ikamwondoa Benja, miaka 44 tu. Ukishikwa na homa, usijikaze kisabuni. Nenda ukapimwe.