Aliyehukumiwa Kufa Bila ya Kusikilizwa

Tulipokuwa wageni wa nyumba moja ya Waislamu huko Kiritiri, mji wa Mbeere ambao wengi wetu Pwani twaujua kwa muguka tu, kijana wa nyumba hiyo alituuliza baada ya swala ya isha: "Sheikh, ni kweli Babu wa Zanzibar alimuua Karume?"

Abdulrahman Mohamed Babu alizaliwa Zanzibar mwaka 1924. Alikuwa katibu mkuu wa chama cha ZNP, akafungwa na Waingereza, kisha mwaka 1963 akaasisi chama cha Umma. Baada ya Mapinduzi ya Januari 1964 akawa waziri, kwanza Zanzibar, halafu katika serikali ya Muungano. Siasa zake za kikomunisti hatuzitetei, wala hazihusiani na swali tuliloulizwa.

Tarehe 7 Aprili 1972 Rais Abeid Karume alipigwa risasi Kisiwandui, alipokuwa akicheza bao. Siku chache baadaye Babu, aliyekuwa Dar es Salaam, alikamatwa. Zanzibar ilimtaka, Mwalimu Nyerere akakataa kumpeleka, lakini pia hakumwachia. Kesi ikaendeshwa Visiwani na mshitakiwa yuko gerezani Bara. Washitakiwa waliokuwepo hawakuruhusiwa wakili. Mwaka 1974 Babu akahukumiwa kifo, naye hakuwahi kusimama mbele ya hakimu aliyemhukumu.

Kila mwanafunzi wa chuoni anajua kwamba Mtume (s.a.w.) alimuusia Sayyidna Ali asihukumu kwa maneno ya upande mmoja kabla ya kuusikia wa pili. Hata wakoloni, tusiowasifu kwa mengi, walikuwa na mpaka wao. Huko Palestina, chini ya Waingereza, Mzayuni Avraham Stavsky alishitakiwa kumuua kiongozi wa Kizayuni mwenziwe, Haim Arlosoroff, aliyepigwa risasi ufukweni Tel Aviv mwaka 1933. Mjane wa marehemu alimtambua, na mahakama ikamhukumu kifo. Rufaa ikamwachia mwaka 1934, kwani sheria ya nchi ile haikutosheka na ushahidi wa mtu mmoja usioungwa mkono na mwingine. Mjane aliuliwa mume mbele ya macho yake, na bado neno lake peke yake halikutosha kumnyonga mtu. Ni jambo zito, lakini ndivyo roho ya mtu inavyopimwa.

Basi kijana tulimjibu hivi: hatuwezi kusema Babu aliua, wala hatuwezi kuapa kwamba hakuhusika, maana mahakama iliyopaswa kutujulisha haikumsikiliza.

Alikaa gerezani miaka sita bila ya kufunguliwa kesi Bara, akaachiwa mwaka 1978. Akasomesha Marekani, akaishi London, na huko akafariki Agosti 1996. Akazikwa Zanzibar.

Bibi wa nyumba, aliyekuwa kimya akipepeta mchele wa daku, akauliza lake: "Na mkewe, Sheikh, miaka sita yote hiyo aliwaambia nini watoto?"

Hatukuwa na jibu.