Mgeni Njoo, Mwenyeji Apone: Walinzi wa Mapafu Yetu

Majani ya chai tunayoyachemsha kwa iliki na tangawizi majumbani mwetu yametoka mbali. Mengi huchumwa katika nyanda za juu za Kericho na Bomet, yakateremshwa Mombasa kwa mnada, kisha yakapakiwa melini Kilindini. Huko yatokako, upande wa Londiani, upo mji mdogo wa Kedowa. Wenye jamaa pande hizo wanaijua baridi yake. Alfajiri mama huwasha kuni jikoni na kufunga dirisha ili joto lisipotee, na watoto hulisogelea jiko. Mmoja akikohoa, husemwa kuwa ni baridi tu au ni moshi.

Pengine ni kweli. Lakini kikohozi kisichokwisha kina habari nyingine, nayo yahusu walinzi ambao Mwenyezi Mungu amewaweka vifuani mwetu.

Uboho wa mifupa hutengeneza chembe nyeupe za damu za namna nyingi. Namna mojawapo huitwa monositi. Ni chache, yapata 2 hadi 8 katika kila chembe nyeupe 100, na huzunguka katika damu kwa siku chache tu. Penye jeraha au maradhi, monositi hupenya ukuta wa mshipa, zikaingia katika kiungo na kugeuka: huwa kubwa, zenye kumeza vijidudu na mabaki ya chembe zilizokufa. Hapo huitwa makrofaji, jina la Kigiriki lenye maana ya mlaji mkubwa. Aliyeitambua kazi hii ya kumeza ni mtaalamu wa Kirusi, Elie Metchnikoff, alipokuwa Messina, Italia, mwaka 1882. Akatunukiwa Tuzo ya Nobel mwaka 1908.

Si makrofaji zote zitokazo katika damu. Nyingine ni wenyeji: asili yake ni tangu mtoto akiwa tumboni, na katika mapafu kazi yake ni kufagia vumbi na vijidudu ndani ya vifuko vya hewa. Zile zilizotokana na monositi ni wageni waitwao wakati wa shida. Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Na mara nyingi ndivyo inavyokuwa. Wageni hufika, huua adui, husafisha mahali, hata husaidia kidonda kufunga.

Kifua kikuu ndicho kinachowatia mtihani walinzi hawa. Mwaka ule ule wa 1882, tarehe 24 Machi, Robert Koch alitangaza mjini Berlin kwamba amekigundua kijidudu chake. Mtu akikivuta pamoja na hewa, mwenyeji wa pafu hukimeza. Kwa desturi kilichomezwa huteketezwa kwa tindikali ndani ya chembe. Hiki kina ngozi ya mafuta mazito na hila ya kuzuia tindikali hiyo isikifikie, basi huishi tumboni mwa adui yake, kikazaana polepole.

Mwenyeji hupiga mbiu, na monositi huja kwa wingi. Hugeuka makrofaji, hujipanga kukizunguka kijidudu, na pamoja na chembe nyingine hujenga kinundu mfano wa boma. Humo adui aweza kulala miaka mingi bila mtu kuhisi lolote. Inakadiriwa kuwa robo ya wanadamu wamewahi kuambukizwa hivi, na kati yao ni 5 hadi 10 tu katika kila 100 watakaougua maishani mwao. Hawa wasiougua wamelindwa na boma hilo.

Lakini mgeni naye huweza kuibomoa nyumba. Vita vikikosa kiasi, katikati ya kinundu huoza na kulainika kama jibini, kikapasukia katika njia ya hewa. Ndipo mtu hukohoa, pengine kwa damu, na kuwaambukiza wenziwe. Kwa hiyo kinacholiharibu pafu si kijidudu peke yake, bali pia vita vya kukifukuza. Jambo kama hilo hutokea katika mishipa ya moyo: monositi huingia ukutani, zikageuka na kumeza mafuta hadi zikashiba, na mshipa ukasongwa.

Yapo yanayolidhoofisha boma. Virusi vya Ukimwi, ambavyo watafiti wa KEMRI na Walter Reed wamevichunguza kwa miaka mingi pale Kericho, huua chembe zinazozipa makrofaji amri na nguvu. Kisukari, ambacho kimeenea sana kwetu Pwani, na utapiamlo hufanya vivyo hivyo. Moshi wa kuni nao huzijaza makrofaji masizi, zikachoka kabla adui hajafika. Anayeuvuta zaidi ni mama na mtoto aliye mgongoni mwake.

Kwa hiyo, mama wa Kedowa na mama wa Kisauni wana wajibu mmoja. Dirisha la jiko lifunguliwe, hata kwa muda, kwani hewa safi hupunguza moshi na vijidudu pia. Mtoto apewe chanjo ya BCG azaliwapo. Kikohozi cha wiki mbili, homa ya jioni, jasho la usiku au kukonda kusikoelezeka kupelekwe hospitali, makohozi yapimwe. Dawa hutolewa bure katika vituo vya serikali, na kwa kawaida humezwa miezi 6, kwa sababu kijidudu hiki huzaana polepole na hujificha. Anayeacha mwezi wa pili kwa kuwa amepata nafuu humwachia adui nafasi ya kurudi akiwa sugu. Mkojo ukigeuka rangi ya machungwa, usiogope, ni dawa. Mama anayetumia vidonge vya kupanga uzazi amweleze daktari, kwani dawa hizi huvipunguzia nguvu. Na Ramadhani ikiingia, mgonjwa amepewa ruhusa ya kula na kulipa siku nyingine, asiikatize dawa.

Tena tusimtenge mgonjwa wala tusimfiche bi harusi anayekohoa kwa kuogopa maneno ya watu. Siri hiyo huwaambukiza watoto. Mwenyezi Mungu awape shifaa wagonjwa wetu, wa bara na wa Pwani. Amin.