Picha Zisizoonyeshwa: Sitara ya Wanawake wa Mji wa Kale

Katika maduka yanayowauzia wageni vitu vya ukumbusho, kuanzia Ngome ya Yesu na kufuatia Ndia Kuu, huuzwa nakala za picha za kale za Mombasa, nyingi zikiwa zimetolewa katika kadi za posta zilizopigwa chapa baina ya miaka ya mwisho ya karne ya 19 na Vita Vikuu vya Kwanza. Na mgeni anapozitazama huona njia nyembamba, roshani za mbao, milango ya nakshi, na ile reli ndogo iliyopita mbele ya nyumba, ambayo juu yake watu walisukuma toroli walimopanda maafisa wa Kizungu kabla ya kuja magari, kisha huuliza swali ambalo tayari limekwisha kuwa hukumu: wanawake wa mji huu walikuwa wapi, na nani aliyewafungia? Swali hili nimelisikia mara nyingi, na linaloniudhi si kuulizwa na mgeni, maana mgeni ni mgeni, bali ni kuwasikia vijana wetu wenyewe, waliozaliwa Kibokoni na Kuze, mitaa ya Mji wa Kale, wakilijibu kwa kuinamisha vichwa kana kwamba wanaungama makosa ya bibi zao.

Sisemi kuwa hapakuwa na mwanamke aliyezuiwa na mumewe asitoke. Walikuwako, na dhuluma ni dhuluma. Lakini katika jambo hili la picha mama zetu walikataa kwa hiari yao, na kukataa kutazamwa na asiyestahiki kuwatazama kulikuwa katika heshima ambayo mwanamke alijihisabia mwenyewe kabla ya kuhisabiwa na mtu mwengine. Ajinabi akipita njiani huona, akenda zake akasahau. Walakini kamera huuchukua uso wa mtu na kuupeleka asikokujua, ukatazamwa na watu asiowajua, hata baada ya mwenyewe kuzikwa. Mama aliyevuta kipembe cha ushungi wake aliposikia kuna Mzungu mwenye sanduku la picha barabarani aliyafahamu hayo barabara, wala hakuhitaji kuelezwa na mtu.

Zipo, ni kweli, kadi zenye wanawake ndani yake, na chini yao pameandikwa kabila tu, Mswahili au Mwarabu au Msomali, bila ya jina la mwenye uso. Wapiga picha wa Kigoa waliokuwa na maduka yao Unguja, kina Gomes na kina Coutinho, walikuwa mafundi hodari na sitaki kuwadharau; lakini mnunuzi wa kadi alikuwa abiria wa meli atakaye kitu cha kuwapelekea jamaa zake Ulaya, naye alitaka kuona masikio yaliyotogwa na nywele zilizosukwa na mabega yaliyo wazi, na aliyepatikana kwa urahisi kusimamishwa mbele ya kamera ni yule asiyekuwa na mtu wa kumsitiri. Kutokana na nyuso hizo chache ndiko kulikotungwa habari za wanawake wa pwani nzima.

Ipo pia picha ya shiraa, ambayo kwayo tumesemwa kuliko nyengine zote. Shiraa ilikuwa kitambaa kipana kilichoinuliwa juu ya miti na kuzungushwa pande zote, na ndani yake wakenda mabibi wa Lamu na Mombasa walipotoka kwenda harusini au matangani, huku miti ikishikwa na wajakazi. Mgeni akiiona husema kuwa hili ni gereza litembealo. Mimi naona la kuilaumu shiraa ni jengine kabisa, nalo ni kwamba walioibeba walikuwa watumwa, na sitara ya bibi ilisimama juu ya mikono ya mwanamke aliyenyimwa sitara. Hili yapasa tuliseme sisi wenyewe, kwa ulimi wetu, tusingoje kuambiwa. Utumwa ulipoondolewa kisheria katika pwani hii mwaka wa 1907, shiraa ilikosa wa kuibeba, na katika miaka hiyo likaenea buibui jeusi lililotokea Arabuni, nguo ambayo mwanamke huivaa mwenyewe bila ya kumhitaji mtu, hata mwana wa mtumwa na mwana wa muungwana wakapita Ndia Kuu pasiwe na wa kuwapambanua. Wanaoliita buibui alama ya unyonge yawapasa watafakari kuwa waliolipokea kwa hamu kubwa ni wale ambao jana yake walikuwa hawaruhusiwi kujifunika.

Wala msiba huu wa kuviziwa na kamera ya mgeni haukutufika sisi peke yetu. Katika mji wa San Francisco, huko Marekani, kulikuwa na mtaa wa wahamiaji wa Kichina, naye Mjerumani mmoja, Arnold Genthe, aliyefika huko mwaka wa 1895, alikuwa akizunguka mtaani na kamera ndogo aliyoificha, kwa kuwa wenyeji walikuwa wakigeuza nyuso zao na kukimbilia ndani wamwonapo. Tetemeko la ardhi na moto wa Aprili 1906 viliuteketeza mtaa ule, lakini picha zake zilisalimika, na mwaka wa 1908 zikatoka kitabuni. Na baadhi yake alikuwa ameziparura kwa mkono, akafuta mabango ya Kiingereza, akafuta nyaya, akafuta hata Wazungu waliokuwa wakipita njiani, ili mtaa uonekane ni Uchina mtupu usioguswa na kitu. Watu wale walikuwa wakikaa Marekani, chini ya sheria ya mwaka 1882 iliyowazuia vibarua wa Kichina wasiingie nchini, na kwa vikwazo hivyo wanawake na watoto wakawa wachache mno mtaani. Mwenye kukisoma kitabu kile bila ya kujua hayo hudhani kuwa aliyoyaona ndiyo maisha yao yote. Ilhali katika mji ule ule alikuwako Mary Tape, mwanamke wa Kichina aliyekuwa akipiga picha yeye mwenyewe, ambaye yeye na mumewe waliwashtaki wakuu wa shule waliomkataa binti yao kwa sababu ya asili yake, wakashinda mwaka wa 1885. Na mwaka wa 1923 mke na mume wa Kichina wakafungua mtaani humo studio iliyoitwa May's, nao walijua kuziunganisha picha mbili zikawa moja, hata baba aliyekuwa Marekani akaonekana amekaa pamoja na jamaa zake waliobaki ng'ambo. Atakaye kujua Wachina wale walijionaje na awatazame katika picha walizozilipia.

Sisi nasi tulikuwa na mahali petu. N. V. Parekh, Mhindi wa Kigujarati, alifungua studio yake Mombasa mwaka wa 1942 na akaiendesha kwa takriban miaka arubaini, na katika waliomwendea walikuwamo wanawake wa Mji wa Kale, waliofika na mabuibui yao, wakayavua ndani, wakasimama mbele ya kamera na magauni waliyoyashona kwa ajili ya Idi, na dhahabu zao, na nywele walizozitengeneza asubuhi nzima. Mtu ataniambia: je, huyu hakuwa ajinabi? Alikuwa ajinabi, tena si wa dini yao. Lakini mwanamke yule alikwenda kwa miguu yake, akachagua nguo yake na shoga wa kusimama naye, akakaa akitakavyo, akalipa, akaichukua picha yake akarudi nayo nyumbani. Na baina ya kupigwa picha hivyo na kuviziwa barabarani pana tofauti iliyo baina ya kumkaribisha mtu na kuvunjiwa mlango.

Na ilipofika nyumbani haikutundikwa. Ukutani, mahali pa kupokelea wageni wanaume, palitundikwa picha ya Al-Kaaba, aya za Kurani zilizoandikwa kwa hati nzuri, na pengine babu aliyevaa joho na kilemba. Picha ya mama ilitiwa katika sanduku, chini ya nguo zilizofukizwa udi, pamoja na hati ya ndoa na vipuli vya dhahabu, ikatolewa siku ambayo wifi au shoga amekuja kutembea na mlango umefungwa. Kuionyesha picha yako ilikuwa ni kumwambia mwenzio kuwa wewe ni wa ndani. Zipo nyumba ambazo mwenye picha akifariki binti zake huzichana picha zake au huzitia motoni, nao hufanya hivyo kwa mapenzi.

Lakini hakuna mahali ambapo jambo hili la kujionyesha kwa walio wa ndani tu lilidhihiri zaidi kuliko katika kupamba, nami naomba nisiharakishwe hapa, kwa kuwa ndiyo ada niipendayo katika ada zetu zote. Kupamba ni usiku wa wanawake katika harusi. Kabla yake mwari huwa amekaa ndani siku kadhaa hajaonwa na jua, akisuguliwa singo mpaka ngozi ikang'aa na kunukia, na somo wake yupo ubavuni mwake, akimfunza yale ambayo mama mzazi huona haya kumwambia mwanawe. Kisha huja fundi wa hina, akaandika maua mikononi na miguuni, akayazungushia piko jeusi, na kazi hiyo huchukua saa nyingi, naye mwari hana ruhusa ya kushika kitu, hulishwa na kunyweshwa. Usiku ukifika huvishwa nguo zake, akatiwa dhahabu, akafukizwa udi, nywele zikavikwa asumini, na kikuba cha mrehani na mkadi na maua mengine kikatiwa kifuani, hata harufu yake ikamtangulia mlangoni.

Wageni huja wamefunikwa gubigubi, na wakivuka kizingiti mabuibui huvuliwa yote, na hapo ndipo aonapo mtu kuwa wanawake aliopishana nao vichochoroni mwaka mzima asiwatambue ni hawa, na fahari yote hii ilikuwa chini ya nguo nyeusi. Zamani vugo zilipigwa, pembe zikalia nyumba nzima, na akina mama wa ngoma ya lelemama, wale wa chama cha Banu Saada na wale wa Ibinaal Watan, ambao mashindano yao yaliutikisa mji huu kabla ya uhuru, walijua nani atangulie kuimba na nani ajibu. Marashi hunyunyizwa, halua na kahawa hupita, kisha mwari huletwa akakalishwa juu, mahali atakapoonwa na wote, naye hutazama chini, hacheki wala hasemi, saa nzima au zaidi. Mgeni mmoja aliyewahi kuonyeshwa picha ya mwari wa aina hiyo alimsikitikia, akasema huyu maskini ameozwa kwa nguvu. Laiti angejua! Yale macho yaliyoinamishwa ni haya, na haya kwetu ni pambo lipitalo dhahabu. Mwari ambaye angeangaza huku na huku akicheka ndiye angesemwa kuwa hakupata wa kumfunza. Akina mama waliokaa pale humsoma uso wake, vidole vyake, na namna anavyopumua, na kwa macho yao hushuhudia kuwa mwana wa fulani amekuwa mke wa mtu. Ushahidi huo ulitosha, na haukuhitaji karatasi.

Leo simu hukusanywa mlangoni, au huwekwa wanawake wa kuchungua mikoba, na mpiga video huwa mwanamke aliyeaminiwa. Na bado husikika kila mara kuwa kupamba kwa fulani kumeonekana mikononi mwa vijana waliokaa barazani, hata wageni wengine sasa hukaa na mabuibui yao mwilini usiku mzima kwa khofu, na nyumba iliyokuwa ni bustani ikawa nyeusi kama njia. Wapo pia maarusi wanaozituma picha zao wenyewe kabla ya asumini kunyauka, na kila mmoja hujibu kuwa uso ni wake. Ni wake, sikatai. Lakini katika picha hiyo pamo pia shangazi aliyekaa nyuma yake na kichwa wazi, na jirani, na binti wa watu ambaye hajaposwa, nao hawakuulizwa. Nami naona uchungu kwamba katika kizazi kimoja tumekuja kufanyiana wenyewe kwa wenyewe yale ambayo bibi zetu waliyakataa kwa mgeni.

Na jambo la mwisho ndilo linalonikosesha usingizi. Studio za kale zilipofungwa, picha zilizobaki humo hazikwenda kaburini pamoja nazo. Picha za studio za pwani hii zimefika katika makumbusho na makusanyo ya Ulaya na Marekani, zikatundikwa ukutani na kupigwa chapa vitabuni, na wataalamu huzisifu kwa uzuri wake, nao ni uzuri wa kweli. Lakini mwanamke aliyevua buibui lake mbele ya fundi mmoja hakulivua mbele ya ulimwengu. Aliacha kwake amana, na amana haigeuki mali kwa kuwa aliyeiweka ameondoka. Wenye kuzihifadhi sasa siwaombi wazichome moto. Nawaomba waje Kibokoni, na Kuze, na Mkanyageni, wakae na akina mama nyuma ya mlango uliofungwa, wawaonyeshe, waulize huyu ni nani na je, jamaa zake wanaridhia. Na wakisema picha irudi, irudi, na wakisema itundikwe, itundikwe pamoja na jina la mwenyewe. Kazi hii haitaki uchunguzi mkubwa. Wasichana waliopigwa picha katika miaka ya 1960 wengi wangali hai, wana wajukuu, na nyumba zao zajulikana.