Kazi ya vipande vifupi hulinda ari ya kikundi

VIKUNDI vingi vya maendeleo, viwe vya Mitwero katika Manispaa ya Lindi au vya vijiji vya Kilwa, huanza kwa shangwe na kuvunjika pale wanachama wanapofanya kazi miezi mingi bila kuona matunda.

Februari 2001, wataalamu 17 wa programu za kompyuta walikutana Utah, Marekani, na kutangaza njia ya usimamizi iitwayo ajaili. Kazi hugawanywa katika vipande vya wiki chache, kila kipande huonyeshwa kwa walengwa, kisha mpango hurekebishwa.

Kilwa kuna mtihani mgumu zaidi: mpingo, mti usio na haraka na mtu, huchukua zaidi ya nusu karne kukomaa. Hakuna kamati itakayofanya doria miaka yote hiyo kwa ahadi tupu.

Sheria ya Misitu ya mwaka 2002 iliviwezesha vijiji kumiliki misitu na kubaki na mapato yake. Vijiji vya Kikole na Kisangi, vikisaidiwa na shirika la MCDI, vilipata cheti cha kimataifa cha FSC mwaka 2009. Kazi ya namna hiyo huenda kwa hatua zinazoonekana: kuweka mipaka, kuhesabu miti, kutunga sheria ndogo, kisha kuvuna iliyokwisha komaa na kuusomea mkutano mkuu wa kijiji mapato.

Kikundi kidogo nacho chaweza kukutana kila wiki kwa maswali matatu: nini kimefanyika, nini kinafuata, nini kinakwamisha. La tatu ndilo hukwepwa, kwani wakati mwingine kikwazo ni mwenyekiti mwenyewe.