Mjumbe Hutangulia: Jinsi Mawimbi ya Tetemeko na ya Mlipuko Yanavyosafiri



Alasiri ya Jumamosi tarehe 10 Septemba 2016, saa 9 na dakika 27, ardhi ya Mkoa wa Kagera ilitikiswa na tetemeko lenye ukubwa wa 5.9. Watu zaidi ya 15 walipoteza maisha, mamia walijeruhiwa, maelfu ya nyumba yalibomoka au kupasuka kuta, na shule za sekondari za Ihungo na Nyakato ziliharibika hata zikalazimika kufungwa kwa muda. Katika kuwatembelea walioathirika, mama mmoja mzee aliniambia neno ambalo sijalisahau: “Padri, kwanza nilisikia kama lori linapanda mlima. Nikangoja lori lipite. Halikupita; nyumba ndiyo ikaanza kucheza.”

Waliokuwepo walitabasamu. Mama yule, hata hivyo, alikuwa amesema kweli tupu, na lori lake ndilo lililonisukuma kuandika makala hii.

Tetemeko huanzia mahali ambapo miamba, iliyokazwa kwa miaka mingi kama upinde, hushindwa kustahimili na kuteleza ghafla kwenye ufa. Katika tetemeko la Kagera, mahali hapo palikadiriwa kuwa kwenye kina cha kilomita 40 hivi. Nguvu iliyofunguliwa huko chini haikai ilipo, bali husafiri kwa mawimbi. Mwamba wenyewe hausafiri. Kinachosafiri ni msukosuko.

Mawimbi hayo si ya aina moja. Wafikirie watoto wa Komunyo ya Kwanza waliopangwa mstari kwa kubanana. Mtundu mmoja wa nyuma akimsukuma mwenzake, msukumo hupita kutoka mgongo hadi mgongo mpaka kwa mtoto wa mbele, ingawa kila mmoja amebaki mahali pake. Hivyo ndivyo liendavyo wimbi la kwanza: hubana na kuachia miamba kuelekea kule kule linakokwenda, nalo hupita kwa kasi ya kilomita 6 hivi kwa sekunde. Sasa shika kamba iliyofungwa kwenye mti, uitikise juu na chini. Kamba huyumba kuvuka njia ya msukosuko unaokwenda mtini. Hilo ndilo wimbi la pili, lenye kasi ya kilomita 3.5 hivi kwa sekunde. Wataalamu huyaandika kwa herufi P na S, na sisi tuliopitia Kilatini cha seminari hatuhitaji kamusi: *prima* na *secunda*, ya kwanza na ya pili.

Wimbi la kwanza kwa kawaida hutikisa kidogo tu, na sehemu yake huweza kutoka ardhini na kuingia hewani kama ngurumo nzito. Hilo ndilo lori la yule mama. Wimbi la pili ndilo linaloyumbisha kuta kwa ubavu, na ukuta wa tofali usiofungwa vizuri kwa mkanda wa zege hauwezi kustahimili kuyumbishwa hivyo. Baada yake huja mawimbi yanayotambaa juu ya uso wa dunia, ya polepole zaidi lakini mapana, ambayo kwenye udongo laini huweza kukuzwa sana. Ndiyo maana nyumba ya bondeni inaweza kuanguka ilhali ya jirani iliyo juu ya mwamba imesimama.

Kati ya wajumbe hao wawili kuna muda. Kwa mtu aliyesimama juu kabisa ya chanzo chenye kina cha kilomita 40, wimbi la pili huchelewa takribani sekunde 5. Ukizidisha sekunde hizo kwa 8, unapata kwa makadirio umbali wa chanzo kwa kilomita. Vituo vitatu vikifanya hesabu hiyo, kila kimoja kikachora duara lake kwenye ramani, mahali duara hizo zinapokutana ndipo tetemeko lilipotokea.

Elimu hii haikukua mbali na Kanisa. Kipimo cha Mercalli, kinachoeleza tetemeko kwa yale watu waliyoyahisi na yaliyoharibika, kina jina la padri, Giuseppe Mercalli wa Italia, aliyefariki mwaka 1914. Nchini Marekani, kuanzia mwaka 1909, Wajesuiti waliweka vipima-matetemeko katika vyuo vyao na kuunda mtandao mmoja wa kubadilishana taarifa. Mwaka 1936 Mdenmaki Inge Lehmann, kwa kusoma jinsi mawimbi ya kwanza yalivyopinda na kurudishwa katika tumbo la dunia, alitambua kuwa ndani ya kiini cha dunia kuna kiini kingine. Hakuna aliyewahi kukiona.

Kuna waliouliza wakati ule kama Mungu alikuwa anawaadhibu watu wa Kagera. Niliwakumbusha wale kumi na wanane walioangukiwa na mnara wa Siloamu, na jinsi Bwana alivyokataa kuwahesabu kuwa wakosefu kuliko wengine.

Mlipuko nao hutuma mawimbi, lakini njia yake kubwa ni hewa. Hewa iliyo karibu husukumwa kwa ghafla na kuwa kama ukuta uliobanwa, unaokimbia kwa kasi kuliko sauti. Kadiri unavyokwenda mbali hupungua nguvu na kurudia mwendo wa sauti, yaani mita 340 hivi kwa sekunde. Nyuma ya ukuta huo hufuata mvuto wa kinyume, kwa hiyo dirisha husukumwa kwanza, kisha huvutwa. Kati ya majengo marefu wimbi hugonga na kurudi, likaumiza hata waliojiona wamejikinga pembeni.

Hapa naomba tusome kwa utulivu. Ijumaa ya tarehe 7 Agosti 1998, jijini Nairobi, watu waliokuwa maofisini karibu na Ubalozi wa Marekani walisikia kishindo kidogo na milio ya risasi. Wengi walifanya ambalo mimi na wewe tungelifanya: walikwenda dirishani kutazama. Ndipo bomu lenyewe likalipuka. Watu zaidi ya 200 walifariki, maelfu walijeruhiwa, na wengi walipoteza macho kwa vioo. Tarehe 4 Agosti 2020, bandarini Beirut, moshi na moto viliwavuta watu madirishani na kwenye roshani wakiwa na simu mikononi, kabla ya tani 2,750 hivi za amonia naitreti kulipuka. Mwako huonekana papo hapo. Kwa aliye umbali wa kilomita moja, wimbi hufika karibu sekunde tatu baadaye. Video zao zilizobaki ziliwasaidia wataalamu kujua wimbi lilifika wapi kwa wakati gani, na hivyo kukadiria ukubwa wa mlipuko.

Vipima-matetemeko pia viliuhisi mlipuko wa Beirut, kama tetemeko la 3.3, ingawa nguvu yake nyingi iliishia hewani. Wataalamu huweza kutofautisha: mlipuko husukuma nje pande zote kwa pamoja, hivyo wimbi la kwanza huwa na nguvu na la pili huwa hafifu, tofauti na miamba inayoteleza. Kwa ujuzi huo, vituo vya Kilimambogo nchini Kenya na Mbarara nchini Uganda husaidia mataifa kutambua majaribio ya siri ya silaha za nyuklia.

Basi, ukisikia ngurumo ya ardhi, usingoje lori lipite. Ikiwa uko mlangoni na mbele yako ni uwanja wazi, toka. Ikiwa uko ndani zaidi, ingia chini ya meza imara, ukilinda kichwa na shingo, wala usikimbie kando ya kuta. Na ukiona mwako au moshi mkubwa mjini, lipe dirisha kisogo, lala chini mbali na vioo, ufumbe macho. Makatekista wawafundishe watoto mazoezi haya kwa kamba na mstari; nilipojaribu nami, ilichukua dakika kumi, na kelele nyingi.