Fritata: Mboga, Proshuto na Jibini katika Kikaango Kimoja

Somo la redio kwa watu wazima: Upishi wa Nyumbani
Wasemao: Mwalimu, na Mama mmoja wa darasa

MWALIMU: Aliye na kalamu na karatasi aziweke karibu, maana leo kuna vipimo vya kuandika. Aliye jikoni aendelee na kazi yake, lakini atege sikio.

Leo tutajifunza chakula cha Waitaliani kiitwacho fritata. Jina lake latokana na neno la Kiitaliani lenye maana ya kukaanga. Ni mayai yaliyopigwa, yakachanganywa na mboga, jibini na pengine nyama, kisha yakapikwa polepole mpaka yakawa kitu kinene cha mviringo, kinachokatwa vipande kama keki. Pamoja nami yuko Mama mmoja wa darasa letu. Hujambo, Mama?

MAMA: Sijambo, Mwalimu. Lakini nimekuja na malalamiko.

MWALIMU: Malalamiko gani tena?

MAMA: Juma lililopita uliitaja fritata kwa kifupi tu, nami nikaona nisingoje. Nikavunja mayai sita, nikatia mboga, nikatia nyama ya chumvi, nikatia na jibini. Chini iliungua, juu ilikuwa mbichi, na katikati palijaa maji. Na chumvi yake, usiseme! Watoto walionja, wakaniangalia tu. Mayai sita, Mwalimu, niliyoyaweka akiba juma zima! Usiku ule tulikula mkate mtupu.

MWALIMU: Pole sana, Mama. Waitaliani, mtu akiharibu jambo lisilotengenezeka tena, husema kwamba fritata imekwisha kufanyika. Sisi twasema maji yakimwagika hayazoleki. Mayai yako hayatarudi, lakini mengine yaweza kuokolewa, nawe umetusaidia sana. Umetaja makosa manne: kuungua, ubichi, maji na chumvi. Kila moja lina sababu yake, na mtu akizijua sababu hataharibu yai tena.

MAMA: Basi nieleze, maana nilidhani hii ni kimanda tu kilichonenepa.

MWALIMU: Hapo ndipo palipokosewa. Kimanda ni chembamba. Hupenda moto wa haraka, nacho huwa tayari kwa dakika moja au mbili. Fritata ni nene, kiasi cha vidole viwili. Moto ukiwa mkali, joto huunguza upande wa chini kabla halijafika juu. Kwa hiyo sheria ya kwanza ni hii: fritata hupikwa kwa moto mdogo, na mpishi husubiri.

Tena kuna jambo lingine la moto. Ndani ya yai mna protini, ile sehemu ya chakula inayojenga mwili. Yai moja lina gramu 6 hivi. Protini hizo ni kama vijiuzi vilivyojikunja. Vikipata joto hujikunjua, vikashikana na kufanya wavu, na maji yaliyomo katika yai hubaki ndani ya wavu ule. Ute huanza kuganda penye digrii 62 hivi za Sentigredi, na kiini huganda kati ya digrii 65 na 70. Mnaona, wasikilizaji, kwamba joto hilo liko chini sana ya maji yachemkayo, ambayo ni digrii 100. Joto likizidi, wavu ule hukazana na kuyakamua maji yatoke, kama mtu akamuavyo nguo. Ndipo yai huwa gumu kama mpira, na maji hutiririka kando.

MAMA: Kumbe yale maji yalitoka katika mayai?

MWALIMU: Baadhi yake. Mengi yalitoka katika mboga. Ulitia mboga gani?

MAMA: Mchicha na kitunguu na mumunye changa, vyote vibichi. Nilivikatakata tu.

MWALIMU: Basi ulimimina maji bila kujua. Mchicha na mumunye, sehemu zaidi ya 90 katika 100 ni maji. Zikipata joto huyatoa kwa wingi, nayo hayana pa kwenda ila ndani ya mayai. Hii ndiyo sheria ya pili: mboga hupikwa kwanza peke yake mpaka zikauke. Mchicha ukiisha kunywea, ukamueni kwa mikono. Kitunguu na mumunye vikaangwe bila kufunikwa, ili mvuke utoke.

Sasa tuje kwenye chumvi. Nyama uliyotia ni ya namna gani?

MAMA: Ni ya nguruwe, iliyokaushwa kwa chumvi. Nilinunua kidogo tu, maana bei yake si mchezo.

MWALIMU: Waitaliani huiita proshuto, na jina lenyewe lina maana ya kitu kilichokaushwa. Ile iliyo mashuhuri hutoka Parma, kaskazini mwa Italia. Hutengenezwa kwa paja la nguruwe na chumvi, basi. Chumvi huvuta maji kutoka katika nyama, kisha paja huning'inizwa mahali penye hewa kwa muda wa zaidi ya mwaka mmoja. Kwa sababu hiyo huliwa bila kupikwa, nayo haiozi upesi. Lakini chumvi ile imo ndani, haikwenda popote. Na jibini je?

MAMA: Jibini ngumu ya kukuna.

MWALIMU: Nayo ina chumvi. Katika nchi hiyo hiyo ya Parma na jirani yake Reggio Emilia hutengenezwa jibini iitwayo Parmigiano Reggiano, kwa maziwa ya ng'ombe. Hukaa miezi isiyopungua 12 kabla ya kuuzwa. Basi, Mama, ulitia nyama yenye chumvi, na jibini yenye chumvi. Je, ulitia na chumvi ya kijiko?

MAMA: Nilitia, Mwalimu. Kijiko kizima. Ndivyo nilivyozoea.

MWALIMU: Hiyo ndiyo sheria ya tatu: penye proshuto na jibini, mayai hayatiwi chumvi. Mboga zionjwe, na zikipungua ladha zitiwe chembe tu. Tena proshuto haitakiwi nyingi. Katika chakula hiki nyama ni kiungo, kazi yake ni kukoleza. Gramu 80 zawatosha watu wanne.

MAMA: Na jirani yangu, ambaye dini yake yamkataza nguruwe, afanyeje? Naye anasikiliza.

MWALIMU: Jirani yako asione kwamba somo hili halimhusu. Waitaliani wenyewe hupika fritata nyingi zisizo na nyama hata kidogo: ya vitunguu, ya mumunye changa, ya majani ya mboga. Pia katika milima ya kaskazini hukausha nyama ya ng'ombe kwa chumvi, wakaiita bresaola. Basi aliye na nyama ya ng'ombe iliyokaushwa namna hiyo, ya halali, aweza kuitumia. Asiye nayo aiache, aongeze kitunguu.

Sasa wasikilizaji, chukueni kalamu. Vipimo hivi ni vya watu wanne:

Mayai 6.
Kitunguu 1 kikubwa.
Mumunye changa 2 ndogo.
Mchicha, konzi mbili kubwa.
Proshuto, gramu 80.
Jibini ngumu iliyokunwa, gramu 50.
Mafuta ya zeituni au mengine ya kupikia, vijiko 3 vya mezani.
Pilipili manga kidogo.

Kikaango kiwe na upana wa inchi 9 au 10. Kikiwa kipana mno, fritata itakuwa nyembamba na kukauka. Kikiwa kidogo mno, haitaiva katikati.

Kwanza, yapimeni mayai. Litie yai ndani ya bakuli la maji. Likizama na kulala, ni jipya. Likisimama wima, limekaa siku nyingi, litumike upesi. Likielea, litupe. Kisha kila yai livunjwe katika kikombe kabla ya kutiwa pamoja na mengine, ili bovu moja lisiharibu matano.

Pili, mboga. Tieni vijiko 2 vya mafuta katika kikaango, mkaange kitunguu kwa moto wa kiasi mpaka kilainike. Tieni mumunye iliyokatwa vipande vyembamba, kaangeni mpaka maji yote yaishe na rangi ianze kugeuka. Mchicha unyweshwe katika sufuria nyingine, ukamuliwe, ukatwekatwe, kisha uchanganywe na hizo. Epueni, acheni zipoe kidogo. Mboga za moto zikitiwa katika mayai, huyagandisha kabla ya wakati wake.

Tatu, pigeni mayai kwa uma mpaka ute na kiini vichanganyike, basi. Msiyapige mpaka yatoe povu, maana povu huumua fritata, halafu ikashuka na kunywea. Changanyeni jibini, pilipili manga, mboga, na mwisho proshuto iliyokatwa vipande vidogo. Proshuto haina haja ya kukaangwa mbele. Ikikaangwa sana huwa ngumu, na chumvi yake huzidi ulimini.

Nne, pasheni kijiko 1 cha mafuta kilichobaki, mmimine vyote, mteremshe moto. Anayetumia jiko la makaa aondoe baadhi ya makaa. Funikeni, msubiri dakika 10 hivi. Kando zitaganda kwanza, na katikati patabaki pateketeke.

MAMA: Sasa ndipo pa kuipindua? Hapo ndipo moyo hunidunda.

MWALIMU: Usiogope. Kwanza tikisa kikaango. Fritata ikiteleza yote pamoja, haikushika chini. Ikiwa imeshika, pitisha kisu kisicho na makali kando kando. Kisha chukua sahani pana kuliko kikaango, uipake mafuta, uifunike juu. Shika mpini kwa mkono mmoja wenye kitambaa, na sahani uikandamize kwa mkono wa pili, nao uwe na kitambaa. Pindua mara moja, bila kusita. Anayesita nusu ya njia ndiye anayemwaga. Halafu irudishe taratibu katika kikaango, upande mbichi ukiwa chini, iive dakika 3 au 4. Na watoto wasiwe karibu wakati huo.

MAMA: Na asiyeweza kupindua?

MWALIMU: Aliye na oveni aipashe mapema mpaka digrii 180. Upande wa chini ukishika, aingize kikaango kisicho na mpini wa mbao wala wa plastiki, mpaka juu paive. Aliye na jiko la makaa atumie sufuria pana yenye mfuniko bapa wa chuma, aweke makaa machache juu ya mfuniko, kama watu wa pwani wapikavyo mkate wa kumimina. Joto litashuka kutoka juu, wala hakuna cha kupindua.

Ili kujua kama imeiva, choma katikati kwa kisu. Kisu kikitoka bila mayai mabichi, iko tayari. Haifai kuwapa watoto, wazee wala mama wajawazito mayai mabichi, maana yaweza kuwa na vijidudu vya kuharisha. Epua, iache ipumzike dakika 5, ndipo uikate.

Neno la mwisho. Waitaliani hawaithamini fritata kwa sababu ya proshuto. Waithamini kwa kuwa huokoa vyakula vilivyobaki. Watu wa Napoli huifanya hata kwa tambi zilizobaki jana. Kitunguu nusu, majani machache, kipande cha jibini kilichokauka: vitu ambavyo kila kimoja hakishibishi mtu, vikishikwa na mayai huwa chakula cha nyumba nzima. Huliwa ya moto au iliyopoa, na hata kazini huchukuliwa ndani ya mkate. Lakini isikae nje zaidi ya saa mbili. Mwenye friji aifunike na kuiweka humo, ailiwe katika siku mbili au tatu.

MAMA: Kwa hiyo Mwalimu, niyaweke tena akiba mayai sita?

MWALIMU: Anza na matatu, Mama, na kikaango kidogo. Juma lijalo utatuambia watoto walikuangaliaje.

Maswali ya kujadili katika vikundi

1. Kwa nini mboga hukaushwa kabla ya kutiwa katika mayai?
2. Mayai hufanyaje yakipata joto lililozidi?
3. Ni vitu gani katika fritata hii ambavyo tayari vina chumvi?
4. Tazameni majumbani mwenu: ni vyakula gani vilivyobaki juma hili ambavyo vingeweza kutiwa katika fritata?