Rufaa kuanguka si shamba kupotea

Kesi za ardhi hapa kwetu Pwani haziishi. Na kila Mahakama ya Rufaa inapokataa kuondoa amri ya muda, mabarazani husikika neno moja: "Majaji washanunuliwa, shamba limekwenda." Mara nyingi jawabu limo ndani ya sheria yenyewe, nayo ni ya tangu zamani.

Amri ya muda haimpi mtu ardhi. Kazi yake ni kuzuia: usijenge, usiuze, usibomoe, mpaka kesi isikizwe. Jaji hutazama mambo matatu yaliyowekwa na kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown, mwaka 1973. Je, mlalamishi anaonekana ana kesi yenye uzito? Je, atapata hasara isiyoweza kufidiwa kwa pesa? Na akibaki na shaka, nani ataumia zaidi? Wakati huo mashahidi hawajahojiwa. Kilichopo mezani ni hati za kiapo tu.

Uamuzi huo sheria imeuacha kwa busara ya jaji. Ndiyo maana majaji wa rufaa hawajiulizi, "Sisi tungeamuaje?" Kwa msimamo wa kesi ya Mbogo dhidi ya Shah, ya 1968, wao huingilia iwapo jaji alipotoka kisheria, aliacha jambo la maana, alishika lisilohusu, au alikosea waziwazi. Tena wakizama kwenye swali la nani mwenye shamba, watakuwa wameamua kesi kabla shahidi hata mmoja hajasimama. Jaji wa chini atabakiwa na nini?

Naona wako sawa, ingawa msimamo huo una uchungu wake. Amri "ya muda" ikikaa miaka, aliyezuiwa alime wapi? Hapo ndipo Agizo la 40 la Kanuni za Kesi za Madai za 2010 linafaa, na wengi hawalijui. Amri iliyotolewa bila upande wa pili kusikizwa haizidi siku 14, na huongezwa mara moja tu, si zaidi ya siku 14 nyingine. Amri ya muda hukoma kesi isipoamuliwa ndani ya miezi 12, ila mahakama ikiona sababu ya kutosha. Na asiyeridhika aweza kurudi mahakama ile ile kuomba ibadilishwe au iondolewe.

Basi ukiambiwa rufaa imeanguka, muulize wakili wako: kesi yenyewe itasikizwa lini, na wale wazee wanaoijua mipaka washaandikisha taarifa zao?